Uwanja wa Mwezi

Mwezi uliandama jioni ile juu ya vilima vya upande wa ziwani, mwembamba na safi, na Nyamburi, bibi wa mtoto, hakutoka nje. Mkwewe Petronila alikuwa amekwisha kumwogesha mtoto, amempaka samli, amemfunga kitambaa cheupe na kuketi naye kitandani akingoja kuitwa. Alingoja mpaka mwezi ukatua. Kisha akamfungua mtoto kile kitambaa, akakikunja, akakirudisha sandukuni. Stanislausi, mume wa Petronila na mwana wa Nyamburi, aliyekuwa amesimama mlangoni muda wote huo, akajua kwamba jambo alilolichukulia kuwa hasira ya siku mbili tatu limekuwa zito.

Katika ukoo wao mtoto hakuwa mtu wa nyumbani mpaka aonyeshwe mwezi. Bibi mkubwa wa nyumba ndiye aliyemtoa nje mwezi unapoandama, akamwinua kuelekea magharibi, akasema maneno aliyoyajua yeye peke yake, kisha akamtaja jina. Kabla ya hapo mtoto hana jina na havuki uwanja. Tena kulikuwa na jambo moja ambalo wageni waliliona kuwa ni usafi tu: siku hiyo uwanja ulifagiliwa wote, toka kizingitini hadi kwenye ua, usibaki hata unyayo mmoja wa mgeni. Unyayo wa mtu usiyemjua ni mzito kwa mtoto mchanga. Kuku akipita, si neno. Mtu baki akipita, unashika ufagio unaanza upya.

Stanislausi hakuwa mtu wa kubishana na mambo hayo, wala hakuyafuata sana. Alikuwa Mkatoliki wa ubatizo na kipaimara, mwalimu wa darasa la watu wazima katika kijiji kipya cha ujamaa kisicho mbali na Butiama, walikohamishiwa na serikali, na alipenda kujiona kuwa mtu aliyeweka mguu mmoja huku na mwingine kule bila kuanguka. Lakini hili lilikuwa na kidonda chake. Mtoto wao wa kwanza alishikwa na homa angali mchanga, kabla mwezi haujaandama, na Stanislausi ndiye aliyesema hospitali haingoji mwezi. Wakamfunga nguo, wakatoka naye kwenda Musoma. Hakukosea, na mtu yeyote mwenye akili angesema vilevile. Ila mtoto alifia njiani, akazikwa bila jina, na tangu hapo Petronila hakuwahi kumlaumu kwa mdomo. Laiti angemlaumu, pengine ingekuwa nafuu.

Sasa walikuwa na huyu wa pili, msichana, mwenye mikono mirefu na sauti ya kudai haki zake, na bibi yake hataki kumtoa. Na sababu, ukiifuatilia mpaka mwisho, ilikuwa kitabu.

Kililetwa na gari la elimu kutoka Musoma, ndani ya sanduku la maktaba ya kijiji. Sanduku lenyewe lilikuwa na vitabu vya aina iliyotarajiwa: kilimo bora cha pamba, uji wa mtoto, choo bora, namna ya kuendesha mkutano. Chini kabisa, kikiwa kimepinda pembe kwa kubanwa, kulikuwa na kitabu chenye jalada la buluu kinachoeleza habari za jua, mwezi na nyota. Nani alikipakia, na kwa nini, hakuna aliyejua. Pengine mtu fulani ofisini alitaka kujaza nafasi.

Stanislausi alikipenda kitabu kile kama mtu anavyopenda mara moja tu maishani. Alikisoma akiwa shambani, akakisoma akingoja maharage yaive, akakisoma mpaka Petronila akamwuliza kama kuna mtihani. Humo alijua kwamba mwezi hauna mwanga wake wenyewe, unaazima wa jua. Alijua kwamba yale mabaka meusi, ambayo watoto wa huku huambiwa ni mama aliyebeba kuni, ni nyika pana za vumbi na mawe. Alijua kwamba zile nyota ni majua, na kwamba baadhi yake ziko mbali kiasi kwamba mwanga unaoziacha leo utawakuta wajukuu wa wajukuu. Kila alipoinua macho kutoka kwenye ukurasa alijisikia mdogo, na kujisikia mdogo namna ile kulimfurahisha. Hakuwahi kulipata hilo kwenye kitabu cha pamba.

Basi akaanza kukisoma darasani. Darasa lilikuwa alasiri, ndani ya ofisi ya TANU ya kijiji, wanafunzi wakikaa kwenye mabenchi waliyoyapiga randa wenyewe. Wakimaliza somo la siku, mwalimu alifungua kitabu cha buluu na kusoma ukurasa mmoja au miwili. Darasa likaongezeka. Walikuja hata wale waliokuwa wamesema kwamba jembe halisomwi. Balozi wa nyumba kumi, mzee Keraryo, ambaye kwa muda mrefu alikuwa akitia sahihi kwa dole gumba, alipohakikishiwa kwamba kweli watu wamefika mwezini aliuliza waliandikishwa kijiji gani, maana siku hizo mtu hakukaa popote bila kuandikishwa. Darasa zima likacheka, na mwalimu akacheka kuliko wote.

Benchi la mbele lilikuwa la Nyamburi. Mama huyu alikuwa ameingia darasani kwa kumwonea mwanawe huruma, siku za mwanzo ambapo hakukuwa na watu, akabaki kwa utamu wake. Alisoma silabi kwa silabi, kidole chini ya neno, akisoma chochote kilichompitia mbele: mfuko wa chumvi, mche wa sabuni, kibao cha zahanati. Alimwambia Stanislausi kwamba maandishi ni watu waliokuwa wanapita kimya na sasa wameanza kumsalimia. Stanislausi aliwahi kusimama mbele ya darasa akasema, kwa fahari isiyofichika, kwamba kitabu hakina sababu ya kumdanganya mtu. Mama yake aliitikia kwa kichwa.

Siku Stanislausi alipousoma ukurasa wa watu waliofika mwezini, Petronila alikuwa na mimba kubwa. Kulikuwa na picha ya unyayo, mmoja tu, wenye mistari kama ya tairi la trekta, umezama kwenye vumbi laini. Na chini yake maneno: Kule hakuna upepo wala mvua. Kwa sababu hiyo nyayo za watu hao zipo mpaka leo, na zitakuwapo kwa miaka mingi sana ijayo. Stanislausi aliyasoma mara mbili, kwa kuwa aliyaona mazuri. Akapitisha picha benchi kwa benchi. Nyamburi alipoipata aliishika muda mrefu. Kisha akaiweka juu ya benchi, akajifunga kanga yake vizuri, akatoka bila kuaga. Hakurudi darasani tena.

Mwezi ulipoandama bila mtoto kutolewa, Stanislausi alimfuata mama yake nyumbani kwake, kibanda kilichokuwa ng'ambo ya uwanja uleule. Alimkuta ameketi amenyoosha miguu, imevimba. Alijaribu kwanza utani, haukusaidia. Akamweleza kwamba mwezi ni mkubwa, ni bara zima la mawe, na wale watu walikanyaga sehemu ndogo tu. Nyamburi akamwuliza kama aliwahi kumwona yeye, mama yake, akiupima uwanja kabla ya kufagia unyayo wa mgeni. Unyayo ni mmoja au ni mia, alisema, uwanja umekanyagwa.

"Nimpeleke mtoto kwa nani, Stanislausi?" akasema. "Kwa mwenye uwanja wa nyayo za watu? Nyumba yetu imehamishwa. Baba yako tumemwacha kaburini kule peke yake kwenye shamba la zamani. Njia ya kwendea majini imehamishwa. Sikusema kitu. Nilikuwaga nasema moyoni, mwezi upo palepale. Wewe ndiye ukaja kunisomea."

Hilo la mwisho lilimchoma. Ni kweli mama yake hakusema kitu siku ya kuhama. Wengine walilia, wengine walijificha, yeye alipanda juu ya lori akiwa amekumbatia kinu, akatazama mbele. Stanislausi alikuwa ameuona ule ukimya kama kukubali. Alikwenda nyumbani akakiweka kitabu juu ya kabati, jalada likitazama chini.

Keraryo, aliyekuwa mtu wa suluhu za haraka, alimshauri amwambie mama yake kwamba kimetoka kitabu kipya na kile cha zamani kimefutwa, kama serikali inavyofuta mambo. Nani atajua? Stanislausi alikataa, akasema hawezi kuwafundisha watu kusoma ndipo awafundishe kwamba kusoma ni kutiana changa la macho. Balozi akamtazama kwa huruma, kama mtu anayemtazama kijana aliyevaa viatu vipya siku ya mvua.

Wakangoja mwezi mwingine. Siku hizo za kungoja mtoto hakuwa na jina la kuitwa, na Petronila hakumbandika hata la utani. Alikaa ndani naye, mlango ukiwa wazi ili wapate mwanga. Binti wa jirani alikuja kufagia, akafagia kama watu wanavyofagia kwa watu, na kila asubuhi Nyamburi aliutazama ule uwanja uliofagiliwa vibaya kutoka kizingitini kwake, akitamani nguvu zake. Siku zile hakuwa mzima. Alipumua kwa taabu akitembea, na usiku alilala ameketi.

Mwezi ulipokaribia kuandama, mtoto alishikwa na kikohozi. Kwanza kidogo, kisha kikashuka kifuani. Asubuhi ya siku ambayo mwezi ungeonekana jioni, alikataa ziwa, na mbavu zake zikawa zinaingia ndani kila akivuta pumzi. Mganga wa zahanati alikuja kwa baiskeli, akaweka sikio lake kwenye kile kifua kidogo, akasema ni mapafu na kwamba dawa yake haipo hapa. Akasema lori la pamba linaondoka alfajiri kesho kwenda Musoma na dereva atawachukua. Wasikose.

Petronila aliitikia vizuri, akamshukuru, akamsindikiza kwa macho. Alipoondoka akamwambia mumewe:

"Mwalimu, simtoi. Yule wa kwanza tulimtoa hivihivi. Huyu akitoka, atatoka na jina."

Alisema kwa upole, bila kuinua sauti, na Stanislausi akaona kwamba hakuna nguvu duniani itakayomsogeza. Angeweza kumpokonya mtoto. Wazo hilo lilimjia na akaliangalia. Akaona mikono yake ikimpokonya mama mtoto wake wa pili, na njia ileile ya Musoma, na akaogopa kuliko alivyowahi kuogopa. Akakitoa kitabu juu ya kabati, akakifuta vumbi, akavuka uwanja kwenda kwa mama yake. Alikuwa amekata shauri. Alikuwa anakwenda kudanganya.

Nyamburi alikuwa ameegemea ukuta. Stanislausi aliketi chini karibu na miguu yake, akafungua ule ukurasa, akasema kwamba siku ile alisoma vibaya. Kurasa mbili zilikuwa zimeshikana. Akajifanya anasoma, kwa sauti yake ya darasani:

"Baada ya siku chache upepo ulivuma mwezini, na nyayo zote zikafutika."

Mama yake alinyoosha mkono akakichukua kitabu. Akakisogeza kwenye mwanga wa mlangoni. Akamwomba amwonyeshe mahali palipoandikwa hivyo. Stanislausi akaelekeza kidole kwenye mstari wa chini ya picha, kwa kuwa hakuwa na mwingine wa kuelekezea. Nyamburi akaweka kidole chake pale kidole cha mwanawe kilipotoka, akaanza.

"Ku-le," akasoma. "Ha-ku-na. U-pe-po. Wa-la. Mvu-a."

Ilimchukua muda. Ni Stanislausi aliyemfundisha kile kidole, na ule mwendo, na ile namna ya kupumzika kati ya neno na neno. Alitamani ardhi ipasuke. Hakuna adhabu ya mtoto mdogo iliyowahi kumshusha uso namna ile.

Lakini Nyamburi hakumkemea. Alikifunga kitabu, akakiweka mapajani, akamtazama mwanawe muda mrefu, kama vile alikuwa hajamwona vizuri tangu walipohamia pale.

"Hujawahi kunidanganya," akasema. "Unaogopa kiasi hiki?"

"Naogopa, Mama."

"Basi nisomee yote. Taratibu. Usiruke."

Akamsomea yote. Alisoma kwamba kule hakuna upepo, hakuna mvua, hakuna sauti. Hakuna jani wala mdudu. Kwamba vumbi lililoko limelala vilevile tangu kabla ya watu. Kwamba wale watu walikaa muda mfupi, wakaokota mawe, wakaacha maneno kwamba wamekuja kwa amani, wakarudi makwao. Nyamburi alisikiliza amefumba macho. Alipomaliza, mama akauliza kama ina maana hakuna mtu kule hata mmoja. Hata mmoja, akasema Stanislausi. Hakuna wa kufagia? Hakuna, Mama.

Nje binti wa jirani alikuwa akimfukuza kuku.

"Mimi nilimkasirikia huyo mwezi," Nyamburi akasema hatimaye. "Nilifikiri amekaribisha wageni, ametuacha sisi. Kumbe hana mtu. Wamekuja wamekanyaga, wameondoka, na yeye hana mkono wa kushika ufagio." Machozi yalimtoka, akayaacha. "Niletee ufagio wangu."

Stanislausi alisema atamwita binti wa jirani. Akasema atafagia yeye mwenyewe, liwalo na liwe. Mama yake aliuchukua ufagio wake wa zamani, uliochakaa ukabaki kama kiganja, ambao alikuwa amehama nao, akainama kizingitini kwa mkwewe akaanza. Alifagia kwa kurudi nyuma, kama alivyofagia maisha yake yote, kila mkono ukifuta hatua yake mwenyewe. Alipumzika mara nyingi. Watu waliopita njiani walimwona, wakasimama, na alipowakataza kwa mkono wasikatize uwanjani wakazunguka. Alipofika kwenye ua wa magharibi jua lilikuwa limezama, na uwanja wote ulikuwa na mistari myembamba ya ufagio, hakuna mguu wa mtu.

"Leo uwanja huu ni wa mwezi," alimwambia mwanawe. "Tumemfagilia."

Mwezi ukaonekana. Nyamburi alizunguka kwa nyuma akaingia kwa Petronila, akamchukua mtoto, akamwambia mkwewe atoke naye, asimame ubavuni pake. Hilo halikuwahi kufanyika. Kwa kawaida bibi hutoka peke yake, na mama wa mtoto hubaki ndani asisikie. Stanislausi, mlangoni, aliona na akaelewa maana yake. Bibi hampi mtu yale maneno mpaka ajue kwamba hatayahitaji tena.

Walikwenda mpaka katikati ya uwanja. Nyamburi akamwinua mtoto juu, kuelekea pale kwenye uzi wa mwanga, akasema maneno yake kwa sauti ya kusikika na Petronila tu. Yalikuwa mengi kuliko Stanislausi alivyodhani. Mtoto alikohoa katikati yake, na bibi akangoja, akaendelea. Mwisho akapaza sauti akasema jina: Nyangi. Lilikuwa jina la mama yake mwenyewe. Kisha akamrudisha mtoto kwa Petronila, akarudi kibandani kwake akiburuta mguu mmoja, akaomba uji. Aliunywa wote. Alimwambia Stanislausi kwamba kitabu chake ni kizuri, ila kinamsikitisha, na kwamba aendelee kuwasomea watu.

Alfajiri Stanislausi alizunguka tena ukingoni mwa uwanja, akaenda kumwamsha ili amuage mtoto. Alimkuta ameketi vilevile alivyolala, ameegemea ukuta, mikono mapajani, na mwili umekwisha kupoa.

Hakupiga kelele. Alimlaza, akamfunika, akatoka nje. Lori la pamba lilikuwa likiunguruma kule ofisini, na dereva alipiga honi mara moja. Petronila alikuwa amesimama kizingitini, Nyangi amefungwa mgongoni, kifurushi mkononi. Alimtazama mumewe usoni, akajua. Akaweka mkono mdomoni. Lakini hakuvuka.

Stanislausi akautazama uwanja. Usiku hakukuwa na upepo. Nyayo zilikuwa palepale kwenye vumbi lililofagiliwa, kana kwamba zimechorwa: za mama yake kwenda, za Petronila pembeni yake kwenda na kurudi, na za mama yake kurudi, mguu mmoja ukiacha mfereji. Katikati, pale alipomwinua mtoto, miguu yote miwili ilikuwa imezama sana kuliko mahali pengine, vidole vimeshika ardhi. Jana zilikuwa nyayo za bibi wa nyumba. Leo zilikuwa nyayo za marehemu, na kama unyayo wa mgeni ni mzito, huu hauna mzani wa kuupima. Hakuhitaji kuuliza mtu. Honi ikapigwa tena.

Akauchukua ufagio wa mama yake. Mwanamume hafagii uwanja katika nchi ile, na kwa hakika hakujua, alishika vibaya, akafagia kama anayefukuza nyuki. Akafuta hatua ya kwanza, karibu na mlango. Akafuta ya pili. Kila alipofuta aliyasikia yale maneno aliyoyasoma mara mbili darasani kwa sababu ya uzuri wake, na sasa hakuona uzuri wowote ndani yake. Wale watu hata hakuwajua majina vizuri, na nyayo zao zitakuwapo. Alifagia akilia waziwazi, na hakujali nani anamwona. Alipofika katikati, kwenye ile miguu miwili iliyozama, mkono ukagoma. Alisimama hapo. Aliinua ufagio, akaushusha pembeni.

"Mwalimu," Petronila alimwita kutoka kizingitini. "Chukua karai. Pafunike. Mtoto hatapaona."

Karai la kuogea mtoto lilikuwa limeegemezwa ukutani. Akalichukua, akalifudikiza juu ya zile nyayo, taratibu, asiguse ukingo. Kisha akamaliza kufagia mpaka kwenye ua. Petronila akavuka na Nyangi mgongoni, akalizunguka karai, akapita karibu na mumewe akamgusa bega, akaenda mbio kuelekea kwenye lori.

Msiba ulijaa watu. Keraryo ndiye aliyesimamia, na kwenye suala la kaburi alisema neno ambalo Stanislausi hakulisahau. Katibu wa kijiji alikuwa amesema marehemu azikwe hapa kijijini, na mzee akajibu kwamba Operesheni ya vijiji inahamisha walio hai, waliokufa haijawataja. Basi wakambeba Nyamburi mpaka shamba la zamani, wakamzika karibu na mumewe, padri akawasomea. Uwanjani nyumbani watu walikanyaga kila mahali, wakakoka moto, wakatandika mikeka. Mara mbili mtu alitaka kulichukua lile karai achotee maji. Mara mbili mwalimu alimshika mkono. Hakueleza, na watu wakasema ni uchungu, nao hawakukosea.

Watu walipotawanyika alibaki kufagia. Alifagia kila asubuhi, kwa kuwa hakujua ni siku gani Petronila na mtoto wangerudi, na wanakijiji wakamzoea kama wanavyomzoea mtu aliyepungukiwa akili. Siku moja mvua kubwa ilinyesha, ya kwanza ya vuli. Alisimama mlangoni akayaangalia maji yakitiririka uwanjani, yakilifikia karai, yakijigawa, yakipita chini ya ukingo wake. Alikuwa mtu wa kitabu. Alijua vizuri, kuliko mtu yeyote pale kijijini, kwamba hapa duniani kuna upepo na mvua.

Petronila alirudi siku iliyofuata kwa lori lilelile. Mtoto alikuwa amekonda, lakini alikuwa anapumua kama watu wote, na alikuwa akitazama huku na huku kwa macho ya kudai haki zake. Mama yake alisimama kwenye ua, akauona uwanja umefagiliwa, na karai limelala katikati na matope yamekauka ukingoni.

"Umefunua?" akamwuliza.

"Sijafunua."

"Usifunue."

Akamshusha mtoto mgongoni, akampakata kifuani, akamwita Nyangi, kwa sauti, kama anayemwonyesha nyumbani kwao. Kisha akavuka naye uwanja, akalizunguka karai, wakaingia ndani.